Chumvi Imekwenda Wapi?



Leo nataka tuzungumze juu ya chumvi. Usicheke. Najua kwamba chumvi unaijua. Umeitia katika mboga tangu ulipoanza kupika, au umeila katika mboga tangu ulipoanza kula. Mimi nimefanya kazi ya chumvi kwa miaka 11, katika majaruba ya pwani, wilaya ya Bagamoyo. Mikono yangu imepasuka kwa chumvi na macho yangu yamewashwa kwa chumvi. Kwa hiyo nina haki ya kuizungumza kidogo.

Swali langu ni dogo. Chumvi ikitiwa katika maji, inakwenda wapi?

Tufanye jaribio. Chukua bilauri ya maji safi. Tia kijiko kimoja cha chai cha chumvi. Koroga, kisha tazama. Macho yako yatasema kwamba chumvi imekwisha. Sasa onja. Ulimi wako utasema kwamba chumvi ipo. Je, nani mkweli, macho au ulimi? Tumwite shahidi wa tatu, naye ni moto. Mimina maji hayo katika sufuria ndogo. Chemsha polepole mpaka yakauke. Utaona ukoga mweupe chini ya sufuria. Ukwangue, uupime kwa kijiko kile kile. Ni chumvi ile ile uliyoitia, na kama hukumwaga hata tone moja, ni kiasi kile kile.

Basi chumvi haikupotea. Tunasema kwamba imeyeyuka. Lakini hapa Kiswahili chetu kinatuchezea kidogo. Tunasema mafuta ya ng'ombe yameyeyuka motoni, na tena tunasema chumvi imeyeyuka majini. Neno ni moja, mambo ni mawili. Mafuta yaliyoganda hulainika na kuwa maji kwa sababu ya joto tu. Chumvi nayo unaweza kuiyeyusha kwa joto tu, lakini utahitaji moto wa nyuzi 801 za Sentigredi. Jiko lako la mkaa halitaiyeyusha chumvi. Maji baridi ya mtungini huiyeyusha kwa dakika moja. Kwa nini maji yaweze jambo ambalo jiko haliwezi?

Jibu la swali hili nilipewa na mwalimu mmoja wa sekondari. Alikuja na wanafunzi wake kutazama majaruba yetu. Wanafunzi walikuwa wakirushiana tope, naye akakaa na mimi kivulini. Akaokota punje moja kubwa ya chumvi, akaniambia, "Kaka, tazama umbo lake." Nikatazama. Ilikuwa kama sanduku dogo sana, lenye pembe zilizonyooka kama zimekatwa kwa msumeno. Mpaka leo hupenda kuwaonyesha watu umbo hilo. Wewe nawe ukipata chumvi ya mawe, ile isiyosagwa, ipeleke mwangani uitazame.

Mwalimu alinieleza kwamba chumvi imefanywa kwa vitu viwili. Cha kwanza ni sodiamu. Sodiamu ni madini laini, hukatwa kwa kisu kama sabuni. Ukiitupa katika maji hutoa moshi na huweza kuwaka. Cha pili ni klorini. Hii ni hewa yenye rangi ya kijani na manjano, na inapalia vibaya. Mwaka 1915, katika Vita Kuu ya Kwanza, askari wa Ujerumani waliifungulia hewa hiyo karibu na mji wa Ypres, huko Ubelgiji, na askari wengi wa upande wa pili walikufa kwa kukosa pumzi. Hebu fikiri. Kimoja kinawaka majini, kingine kinaua kwa pumzi, na viwili hivyo vikiungana ndivyo unavyovinyunyiza juu ya muhogo wa kuchoma!

Vinaungana namna gani? Angalia betri ya tochi. Upande mmoja ina alama ya kujumlisha (+), na upande wa pili ina alama ya kutoa (−). Katika chumvi, kila chembe ya sodiamu ina alama ya kujumlisha. Kila chembe ya klorini ina alama ya kutoa. Chembe hizi ni ndogo mno, hakuna jicho linaloweza kuziona. Chembe zenye alama zinazotofautiana huvutana. Kwa hiyo sodiamu na klorini zimeshikana safu kwa safu, moja hii na moja ile, kama matofali katika ukuta uliojengwa vizuri. Ndiyo maana punje ya chumvi ina pembe zilizonyooka. Na ndiyo maana moto wa kawaida hauwezi kuubomoa ukuta huo.

Sasa maji. Kila chembe ya maji imefanywa kwa oksijeni moja na haidrojeni mbili. Upande wa oksijeni una alama ya kutoa, lakini kidogo. Upande wa haidrojeni una alama ya kujumlisha, nayo kidogo. Chembe za maji hazitulii hata siku moja. Zinagongana na kusukumana hata kama maji yamekaa kimya mtungini. Ukitia punje ya chumvi, chembe za maji huivamia. Je, umewahi kuwaona siafu wakimvamia panzi? Hakuna siafu mmoja anayeweza kumbeba panzi. Wanamzunguka, kila mmoja anashika mahali pake, wanamng'oa kipande kwa kipande. Maji hufanya hivyo hivyo. Yanaishika sodiamu kwa upande wa oksijeni. Yanaishika klorini kwa upande wa haidrojeni. Yanang'oa tofali moja, kisha jingine, mpaka ukuta wote umekwisha. Kila chembe ya chumvi sasa inatembea peke yake katikati ya kundi la chembe za maji.

Kumbe chumvi ilikwenda huko. Imetawanyika. Macho hayaioni kwa sababu hakuna tena punje ya kuonekana, ila chembe moja moja.

Ukitaka mambo yaende haraka, saga chumvi iwe laini, ili maji yapate mahali pengi pa kushika. Au koroga. Au tumia maji ya moto, maana katika maji ya moto chembe hukimbia zaidi. Mafuta ya taa hayawezi kuyeyusha chumvi hata ukikoroga mpaka jioni. Chembe zake hazina alama za kuishikia chumvi.

Je, maji yana mwisho wa kubeba chumvi? Yana mwisho. Lita moja ya maji hubeba kiasi cha gramu 360 za chumvi. Ukizidisha hapo, punje hukaa chini na hazipungui tena. Maji yameshiba. Jambo la ajabu ni kwamba moto hausaidii sana hapa. Maji yanayochemka yatabeba karibu gramu 390, basi. Sukari si hivyo. Lita moja ya maji ya kawaida hubeba kiasi cha kilo 2 za sukari, na ukiyapasha moto yatabeba zaidi na zaidi. Wapishi wa kashata wanalijua jambo hili kwa mikono.

Sisi watu wa majaruba tunaishi kwa kile kiwango cha gramu 360. Acha nikueleze kazi yetu.

Maji ya bahari yana chumvi kiasi cha gramu 35 katika kila lita. Debe la lita 20 lina gramu 700, karibu robo tatu ya kilo. Lakini si zote ni chumvi ya mboga. Katika zile gramu 35, chumvi yenyewe ni kiasi cha gramu 27. Zinazobaki ni madini mengine: magnesi, chokaa, jasi na mengineyo. Kazi yetu ni kuyaondoa maji na kuyaacha madini hayo mengine nyuma. Jua hufanya kazi kubwa, nasi hufungua na kufunga njia.

Wakati wa bamvua, bahari inapojaa sana, tunafungua mlango na maji yanaingia katika bwawa la kwanza. Tunafunga. Jua na upepo vinaanza kunyonya maji. Kumbuka kwamba jua linanyonya maji matupu, chumvi haipandi angani. Kwa sababu hiyo mvua inayotoka baharini si ya chumvi, nawe unaweza kuikinga kwa ndoo na kuinywa. Siku zinapita, maji yanapungua, ukali unazidi. Maji yakipungua kufikia nusu, chokaa inakuwa imeanza kutuama chini. Tunayahamishia maji jaruba la pili. Yakipungua kufikia sehemu moja katika tano, jasi inaanza kuganda. Tunayahamisha tena. Yakipungua kufikia karibu sehemu moja katika kumi, yameshiba. Hapo ndipo chumvi inapoanza kuzaliwa.

Asubuhi moja unafika na kukuta juu ya maji kuna vipande vyembamba vinavyong'aa, kama vigae vya kioo. Vinaelea kidogo, vinazama. Zile chembe zilizotawanyika zimekosa maji ya kuzibeba. Zinarudi kushikana safu kwa safu, na masanduku madogo yanajijenga yenyewe. Hakuna fundi wala kipimo, na pembe zimenyooka. Nimeiona asubuhi hiyo mara nyingi na sijaichoka.

Wazee wetu wa kazi hawakuwa na mizani ya kupima ukali wa maji. Walitumia yai bichi la kuku. Yai lililotagwa karibuni huzama katika maji ya kisima. Katika maji ya jaruba yaliyokolea chumvi, yai hilo hilo huelea. Sababu yake ni kwamba maji ya chumvi ni mazito. Lita moja ya maji ya kisima ina uzito wa kilo 1. Lita moja ya maji yaliyoshiba chumvi ina uzito wa kilo 1 na gramu 200. Ukiwa na yai na chumvi ya kutosha nyumbani, jaribu. Watoto watafurahi, na yai utalila.

Kuna jambo moja ambalo wenye pupa hawalipendi. Chumvi ikishaganda, yanabaki maji kidogo juu yake, mazito, machungu sana. Uchungu huo ni wa magnesi. Maji hayo lazima yamwagwe kabla hayajakauka. Mtu akiyaacha yakauke ili apate gunia moja zaidi, chumvi yake itakuwa chungu, tena itavuta unyevu wa hewani. Umepata kununua chumvi ambayo masika ikifika inatoa jasho na kulowesha karatasi? Aliyeivuna aliona uchungu kuyamwaga yale maji ya mwisho.

Si chumvi yote ya nchi yetu inayotoka baharini. Uvinza, mkoani Kigoma, ni mbali sana na bahari. Lakini huko kuna chemchemi za maji ya chumvi, karibu na mahali mto Ruchugi unapoingia katika mto Malagarasi. Maji hupita chini ya ardhi katika miamba yenye chumvi, yanaiyeyusha, yanatoka nayo juu. Watu wa huko walikuwa wakiyachemsha katika vyungu tangu zaidi ya miaka 1,000 iliyopita; wachimbuaji wa mambo ya kale wamevikuta vigae vya vyungu hivyo. Katika karne ya 19 chumvi ya Uvinza iliuzwa mbali, mpaka ng'ambo ya Ziwa Tanganyika. Sisi wa pwani tunatumia jua, wao walitumia kuni. Nadhani wao walitoka jasho zaidi.

Sasa nakuomba uvute kiti karibu, maana nataka kuingia ndani ya mwili wako.

Damu yako ina chumvi. Machozi yana chumvi, jasho lina chumvi. Maji ya dripu ambayo mgonjwa hutundikiwa hospitali mara nyingi ni maji safi yenye gramu 9 za chumvi katika kila lita. Kiasi hicho kimechaguliwa kwa sababu kinalingana na mwili wa mtu. Ikizidi sana au ikipungua sana, ni hatari.

Hatari gani? Kata nyanya na vitunguu vya kachumbari. Nyunyiza chumvi, uache kwa robo saa. Utakuta maji chini ya bakuli. Hukutia maji. Yametoka wapi? Yametoka ndani ya nyanya na vitunguu. Chumvi iliyo nje imeyavuta. Likumbuke jambo hili: maji hufuata chumvi. Penye chumvi nyingi, maji huelekea huko. Ndivyo samaki ng'onda anavyokaushwa, na ndivyo vijidudu vya kuozesha vinavyokosa maji ndani ya samaki huyo.

Ndiyo sababu baharia aliyepotea baharini hapaswi kunywa maji ya bahari, hata akiwa na kiu ya kufa. Maji hayo yana gramu 35 kwa lita. Figo za mtu haziwezi kutoa mkojo mkali kiasi hicho. Ili kuiondoa chumvi ya kikombe kimoja, mwili hulazimika kutoa maji zaidi ya kikombe kimoja. Anakunywa, anakauka.

Mtoto anayeharisha naye anakauka. Kila anapoharisha, anapoteza maji na chumvi kwa pamoja. Ukimpa maji matupu, chumvi ya mwili inazidi kupungua. Ukimpa maji yenye chumvi peke yake, utumbo wake mgonjwa hauyapokei vizuri. Lakini katika utumbo kuna mlango wa namna yake. Mlango huo hufunguka sukari na chumvi zinapofika pamoja. Zinapita pamoja, na maji, kama tulivyosema, hufuata chumvi. Hata mtu mwenye kipindupindu, mlango huo kwake unafanya kazi. Wataalamu waliutambua katika miaka ya 1960.

Mwaka 1971 palikuwa na vita katika nchi ambayo sasa ni Bangladesh. Mamilioni ya watu walikimbilia India, na kipindupindu kikaingia katika kambi zao. Daktari mmoja Mhindi, Dilip Mahalanabis, alikuwa katika kambi ya Bangaon. Wagonjwa walilala chini, na dripu zilikuwa zinakwisha. Akaamua kuchanganya chumvi, magadi ya kupikia na sukari ya glukosi katika maji, na kuwapa ndugu za wagonjwa vikombe wawanyweshe wenyewe. Kabla ya hapo, karibu wagonjwa 30 katika kila 100 walikuwa wanakufa. Kwa maji yale, waliokufa walipungua wakawa chini ya 4 katika kila 100. Daktari huyo alifariki mwaka 2022. Watu wengi walio hai leo hawajui kwamba wako hai kwa ajili ya kazi ya watu kama yeye.

Siku hizi maji hayo yanakuja katika pakiti ya unga. Juu yake utaona herufi tatu kubwa: ORS. Ndani mna chumvi, sukari ya glukosi na madini mengine mawili. Pakiti ya lita moja ina gramu 2.6 za chumvi. Sasa nisikilize vizuri, maana hapa hesabu ni uhai.

Shangazi yangu alijifunza kusoma akiwa mtu mzima, chini ya mwembe, naye alifanya mtihani wa kisomo wa mwaka 1975. Anapenda kulitaja jambo hilo kwa watu wasiomwuliza. Mwezi wa Aprili mwaka 2009 nilikuwa kwake. Masika ilikuwa imepamba moto, na kuhara kulikuwa kumeingia katika nyumba nyingi. Jioni akaja mama mmoja kijana, jirani, na mtoto wa miezi 14 mgongoni. Mtoto alikuwa amehara tangu asubuhi. Macho yameingia ndani. Analia, lakini machozi hayatoki. Shangazi alimfinya ngozi ya tumbo kidogo, nayo haikurudi haraka.

"Shikamoo, bibi," yule mama alisema. "Nina dawa. Nimekwisha ichanganya." Mkononi alikuwa na bilauri, na pakiti tupu ya ORS. Alikuwa ameimimina pakiti nzima katika bilauri moja. Alisema ametia maji kidogo ili dawa iwe kali na mtoto apone upesi.

Shangazi hakusema neno. Alinyoosha mkono, akaichukua ile pakiti, akaisogeza karibu na taa ya chemli. Akaweka kidole chini ya maneno na kusoma polepole, kwa sauti, kama walivyofundishwa: "Changanya... na lita... moja... ya maji." Kisha akauliza, "Mwanangu, bilauri hii ni lita moja?"

Tufanye hesabu pamoja, msomaji. Bilauri ile ilikuwa ya robo lita. Bilauri 4 ndizo lita moja. Chumvi ya lita nzima ikikaa katika robo lita, ukali unakuwa mara nne. Gramu 2.6 mara 4 ni gramu 10.4 kwa lita. Hiyo imezidi hata dripu ya gramu 9. Na sukari nayo ni mara nne, na yale madini mengine pia. Maji hufuata kule kulikokolea. Bilauri ile ingeingia tumboni na kuyavuta maji kutoka katika mwili wa mtoto kuyaleta utumboni, kama chumvi inavyoyavuta kutoka katika kitunguu. Angeharisha zaidi. Na chumvi ambayo ingeingia katika damu bila maji ya kutosha ingeweza kumletea degedege.

Shangazi aliimimina ile bilauri katika jagi. Akaniambia nilete maji yaliyochemshwa, yaliyopoa. Akapima kwa bilauri ile ile, moja, mbili, tatu, akayatia. Akakoroga, akaonja kwa kijiko. "Onja wewe," akamwambia yule mama. "Yasizidi machozi. Yakiwa makali kuliko machozi, yamwage."

Wakaanza. Kijiko kimoja cha chai, wanasubiri kidogo, kijiko kingine. Mtoto akatapika. Wakangoja dakika 10, wakaanza tena, polepole zaidi. Katikati mama alikuwa akimnyonyesha. Mimi nilikuwa nashika taa, sikuwa na kazi nyingine, na usiku ule ulikuwa mrefu. Karibu na alfajiri mtoto akakojoa, akamlowesha shangazi kanga yote. Sijawahi kuona mtu amefurahi hivyo kwa kukojolewa.

Asubuhi tulimpeleka zahanati. Mganga alimpima, akampa pakiti nyingine, na vidonge vya zinki vya siku 10. Vidonge hivyo hupunguza siku za kuhara.

Kama hakuna pakiti, maji hayo unaweza kuyatengeneza nyumbani. Chukua lita moja ya maji safi yaliyochemshwa na kupozwa. Tia nusu kijiko cha chai cha chumvi na vijiko 6 vya chai vya sukari. Vijiko viwe vya kusawazisha, si vya mlima. Tumia chumvi laini. Chumvi ya mawe haijai kijiko sawasawa, kwa hiyo isage kwanza. Usipime kwa kubana vidole, maana vidole vya mvuvi si sawa na vidole vya msichana. Maji yaliyobaki baada ya saa 24 yamwage, utengeneze mengine. Mtoto akiwa analala tu na haamki vizuri, au hawezi kunywa, au kinyesi chake kina damu, usingoje maji yafanye kazi. Mpeleke hospitali, huku ukiendelea kumpa njiani kama anaweza kumeza.

Neno moja jingine kabla sijasahau. Katika duka utaona pakiti za chumvi zilizoandikwa "chumvi yenye madini joto". Chumvi inayotoka katika majaruba yetu ina madini joto kidogo mno, ingawa imetoka baharini. Huongezwa baadaye. Mtu akiyakosa huota tezi la shingo, na mama mjamzito akiyakosa, akili ya mtoto aliye tumboni huathirika. Chukua chumvi hiyo, uiweke katika chombo chenye mfuniko, mbali na jua na unyevu.

Sasa tumalizie hesabu ya lita, maana watu wengi hawana chombo cha lita moja. Soma chupa ulizo nazo. Chupa ndogo ya maji imeandikwa 500 ml. Mbili kama hizo ni lita moja. Chupa kubwa mara nyingi imeandikwa 1.5 L, hiyo ni lita moja na nusu, usiitumie kwa pakiti moja. Soma pakiti yenyewe pia, kwa sababu ziko pakiti za lita moja na ziko ndogo zaidi, za nusu lita au pungufu. Kama una sufuria tu, pima lita moja ya maji mara moja kwa chupa hizo ndogo mbili, uyamimine ndani, kisha uchore alama mahali maji yalipofika. Shangazi yangu alichora yake kwa msumari, ndani ya jagi la bati. Siku hizi majirani huja kuliazima jagi hilo, naye hawapi mpaka wamsomee kwanza pakiti waliyokuja nayo.